Majibu Mia na Ishirini

Mwaka ule wa 1946 kitambaa cha marekani kilikuwa cha kutafuta kwa tochi. Vita vilikuwa vimekwisha, lakini kwenye maduka ya mtaa wa Biashara watu bado walisukumana utadhani vitambaa vinagawiwa bure. Jumamosi moja, saa nne asubuhi, Mwalimu Priscah alikuwa katikati ya msongamano huo, akigombania yadi mbili za kitambaa cheupe na mama mmoja wa Kihindi, naye alikuwa akishindwa.

"Muachie mwalimu, mama," sauti ilisema kutoka barazani. "Afundisha watoto wa watu. Mtazame, ana chaki hata kwenye nyusi."

Aliyesema alikuwa Dzoro, kijana wa Kigiriama aliyeshona kwa cherehani barazani pa duka la Abdulghafur. Alikuwa mrefu, shati lake la khaki limepigwa pasi likasimama, na utepe wa kupimia umening'inia shingoni. Priscah alivaa gauni la buluu lenye kola nyeupe na viatu vya turubai alivyovipaka chokaa mwenyewe. Na kweli alikuwa na chaki kwenye nyusi. Aliipangusa kwa hasira. Hasira haikumwishia upesi binti huyu. Ndiyo iliyomtoa kwao Rabai ikamfikisha kwenye cheti cha ualimu, na hakuionea haya.

"Nani kakwambia mimi mwalimu?"

"Unavyotutazama. Hapa sote tumekosa kitu, hujatuambia tu ni nini."

Akacheka bila kutaka. Kitambaa alikipata, na Dzoro akaanza kukipinda kingo. Kilikuwa cha shule ya misheni alikofundisha dini darasa la pili. Picha za hadithi za Biblia zilizoletwa na padre zilikuwa zimeliwa na mchwa, kwa hivyo yeye angechora zake kitambaani: Mwana Mpotevu, tangu kuondoka hadi karamu. Dzoro hakuijua hadithi hiyo. Priscah akamsimulia pale pale, amesimama, na nusu ya baraza ikasikiliza.

"Na yule kaka mkubwa," Dzoro aliuliza ilipokwisha, "aliingia karamuni?"

"Haikuandikwa."

"Mimi ndiye mkubwa kwetu. Ndugu yangu aliuza mbuzi wa baba akapotelea Tanga. Siku akirudi nitataka kujua, niingie au nibaki nje?"

"Fundi, mimi nafundisha darasa la pili. Wao hawaulizi hivyo."

"Basi wamefundishwa wasiulize."

Priscah aliondoka amenuna njia nzima hadi nyumbani Majengo. Jumamosi iliyofuata alirudi na gauni ambalo upindo wake haukuwa na kasoro yoyote, akasema limefumuka.

"Mshono gani huo usokwisha, mwanangu?" Bi Mwanatumu, mwenye nyumba aliyopanga, alimuuliza. "Kila Jumamosi wenda kwa fundi, na nguo zako ni zile zile tatu."

Bibi hakuhitaji kujibiwa. Majengo nzima ilikwishajua.

Tatizo halikuwa mapenzi. Mapenzi yalijiendea yenyewe, kwa maandazi ya karatasini na barua fupi zilizofichwa ndani ya mikono ya nguo. Tatizo lilikuwa kanuni ya misheni: mwalimu wa dini sharti awe mshiriki wa kanisa asiye na doa, na akiolewa na asiyebatizwa, kazi imekwisha siku hiyo hiyo. Dzoro hakuwa amebatizwa. Ili abatizwe ilimpasa asome miaka miwili katika darasa la ubatizo, Jumatatu na Alhamisi jioni, kwa Mzee Chirau, kisha ahojiwe na padre na wazee wa kanisa.

"Miaka miwili ni nini?" alisema Dzoro. "Suti ya harusi ya Mbaniani yenyewe hunichukua mwezi."

Priscah akajitia kumsaidia, na hapo ndipo alipokosea. Kitabu cha maswali kilikuwa na majibu mia na ishirini, naye akamfundisha kama alivyowafundisha watoto wake: kwa mpangilio, kwa sauti, kwa kurudia. Dzoro aliyakariri huku akikanyaga cherehani, jibu moja kwa kila mshono mrefu. Lakini kila mara mguu wake ulisimama.

"Hili la thelathini, mpenzi. Kama Mungu anajua yote, kwa nini tumwambie haja zetu?"

"Usiulize, Dzoro. Jibu."

"Nijibu nisichokielewa?"

"Utaelewa ukishabatizwa. Thelathini na moja."

Akaendelea na thelathini na moja. Alimpenda, angefanya nini?

Siku ya kuhojiwa ilifika, mwaka wa 1948. Priscah aliketi nyuma ya kanisa, amevaa gauni jipya la waridi alilolishona Dzoro mwenyewe. Padre aliuliza kutoka kitabuni, na Dzoro akajibu bila kusita hata mara moja. Wazee walitikisa vichwa kwa kuridhika. Ndipo padre akakifunga kitabu.

"Sasa niambie wewe. Kwa nini wataka kubatizwa?"

Hata hilo lilikuwa na jibu lake kitabuni, tena lilikuwa la kwanza kabisa. Priscah alilisema kimoyomoyo kumsukuma. Dzoro hakulitoa.

"Padre, nilikuja kwa sababu ya Mwalimu Priscah. Miaka miwili nimesoma kwa sababu yake. Kama kuna sababu nyingine bado sijaijua, maana kila nikiuliza naambiwa nijibu."

Wazee wakaandika: hayuko tayari, aanze upya. Jumatatu asubuhi Mwalimu Mkuu Kioko akamwita Priscah ofisini, akamwambia kwa upole uliouma kuliko matusi kwamba atapumzishwa vipindi vya dini. Mwalimu Tom angevishika. Yeye angebaki na hesabu na bustani ya shule. Akiendelea kusemwa kwa sababu ya fundi yule, hata hizo hatakuwa nazo.

Saa sita simu ya shule ililia. Ilikuwa moja tu, ukutani mwa ofisi ya Mwalimu Mkuu, na Bwana Kioko alimpa kisikizio bila kuondoka kitini.

"Priscah wangu," alisema Dzoro kutoka dukani kwa Abdulghafur.

"Hapa ni shule. Wewe ni mzazi wa nani?"

"Mkuu yupo?"

"Yupo, mzazi."

"Basi nisikilize tu. Nisamehe. Ulitaka nimwongopee padre?"

"Mtoto wako alifundishwa majibu mia na ishirini, mzazi. Siku ile alitakiwa atoe moja tu, ambalo hata darasa la kwanza wanalijua."

"Wanalijua, au wanalisema?"

"Mzazi, mtoto wako amenivunjia kazi yangu. Tafadhali usipige tena."

Akaitundika simu. Bwana Kioko aliuliza, macho kwenye karatasi zake, "Mzazi mkorofi?"

"Sana," alisema Priscah, akaenda bustanini kupalilia mchicha, akalia huko.

Miezi mitatu hakukanyaga Biashara. Akihitaji uzi alizunguka hadi Mwembe Tayari. Kwa uchungu alifundisha kugawanya, na kupitia ukuta wa mbao alimsikia Tom akifundisha dini kwa kiboko. Siku moja Tom aliita, "Arubaini!" na darasa la pili zima likaimba jibu la arubaini na moja, kwa sauti tamu, bila mtoto hata mmoja kushtuka. Tom mwenyewe hakushtuka. Mwimbo ule, na mahali pa kuvuta pumzi, Priscah aliujua. Ulikuwa wake; ndivyo alivyowafundisha. Hakupata wa kumkasirikia, na hilo lilimkera zaidi.

Wiki hiyo hiyo Mzee Chirau alipita shuleni kuomba chaki.

"Yule fundi wako," alianza.

"Si wangu, mzee."

"Haya. Yule fundi asiye wako ameanza darasa upya. Yuko benchi la mbele na wanafunzi wapya, na hajakosa hata siku moja. Ananichosha kwa maswali. Nikadhani ni wewe uliyemtuma."

Priscah alibaki ameishika chaki. Hakumtuma. Alikwisha kumwacha, na Dzoro alijua kwamba ameachwa, na bado Jumatatu na Alhamisi alikwenda. Furaha na hasira vilimpanda kwa pamoja. Jioni ile alikuwa barazani pa Abdulghafur.

"Mbona hukuniambia?"

Dzoro alisimamisha cherehani. Alikuwa amekonda. "Ningekuambia ungesema nasoma kwa ajili yako. Nami ningekubali, kwa jinsi nilivyokuwa na hamu nawe."

"Basi wasomea nini?"

"Sijajua. Huenda nikajua. Na huenda miaka ikaisha nikaona hakuna kitu, nami nitasema vile vile mbele ya wazee."

"Na mimi je?"

"Ndiyo maana sikuombi ungoje, Priscah. Natamani kukuomba, lakini naona haya."

"Tungeweza kuoana bomani kesho," alisema Priscah. "Nikaacha shule."

"Ungekuwa mchungu kama shubiri mpaka uzeeni."

"Tayari ni mchungu."

"Naona," alisema Dzoro, na kwa mara ya kwanza kwa miezi mitatu wakacheka. Lakini kicheko hakikutatua kitu, na Priscah alirudi Majengo bila kuahidi wala kuahidiwa. Alipofika alisimulia yote, lakini hakula. Bi Mwanatumu alimsukumia sahani mara mbili.

"Kula. Alokataa kukuhadaa si wa kuatwa akenda zake," bibi alisema. "Lakini ukimtaka, mtake mbele za watu. Huku kufichana ndiko kulikokuponza."

Alhamisi jioni, darasani, Mzee Chirau alikuwa ndiyo kwanza afungue kitabu pale mlango ulipofunguliwa. Mwalimu Priscah aliingia na gauni lile la waridi, kwa nyayo zilizosikika, akapita mabenchi yote mpaka la mbele upande wa wanawake, akaketi. Watu walitazamana. Habari ingemfikia Bwana Kioko kabla ya chai ya asubuhi, naye alilijua hilo.

"Mwalimu, umekuja kunisaidia kufundisha?" aliuliza Mzee Chirau.

"La, mzee. Nimekuja na swali."

Mzee akaguna: huyu naye ameambukizwa maswali. "Haya, uliza."

"Matangazo ya ndoa kanisani, kabla watu hawajafungishwa, husomwa Jumapili ngapi?"

"Mwalimu mzima wa dini hujui? Tatu."

"Najua. Nilitaka mtu fulani asikie nikiuliza."

Dzoro alikuwa ameinamisha kichwa, akiyatazama magoti yake. Alipokiinua, alimwambia mzee, lakini macho yalikuwa upande wa wanawake.

"Kwa hivyo ni miaka miwili na Jumapili tatu."

"Ukikubaliwa," Mzee Chirau alisema.

"Nikikubaliwa."

Priscah alitamani kulia, na kumpiga, na kuwapiga wazee wote wa kanisa mmoja baada ya mwingine. "Mimi nangoja," alisema. "Soma, mzee. Unatuchelewesha."