Jalada la Kijani la Rydstedt

"Kijani kimetoka. Ndege ni saa tisa."

Simu ikakatika. Ilikuwa sauti ya Maya, mkuu wa kikosi cha upelelezi.

Nasur alitazama Seiko yake. Saa saba. Alichomeka bastola ya Glock kwapani, akakanyaga mafuta ya Volvo.

Kijani kilikuwa daftari la Axel Rydstedt, bingwa wa sataranji wa karne ya kumi na tisa. Mzee yule alicheza Ulaya nzima, akashindia mkate mkavu ili anunue vitabu, na alipokufa akauachia umma vyote. Sasa kuna washenzi waliovikata kurasa kwa wembe na kuziuza nje mojamoja. Afadhali mwizi wa kuku, yule ana njaa.

Maktabani, polisi walikuwa wamemtia pingu Léontine, msafishaji Mkongo mwenye funguo. Wasomaji walikodoa macho.

"Mi siyaiba, papa," alilia. "Miaka kumi na mbili niko napanguza hapa. Watoto yangu watasema nini?"

"Ni walewale siku zote," alisema Hallgren, mthamini wa vitabu aliyealikwa wiki ile. "Mimi daftari hilo sijaligusa hata mara moja."

Akalamba kidole, akafunua ukurasa wa orodha ya vitabu.

Akalamba tena. Mate yaling'aa kwenye karatasi.

Nasur aliona vidonda. Ncha za vidole. Pembe ya mdomo.

Rangi ya jalada lile la kijani ilikuwa na sumu inayochoma ngozi. Wafanyakazi wote walilijua hilo, ndiyo maana walivaa glavu. Hallgren alijua bei tu.

"Fungua begi lako," Nasur alimwamuru.

Hallgren alimpiga askari kikumbo, akatimka.

Ngazi. Barabara. Stesheni. Treni ya kitongoji cha Skärholmen ilikuwa ikifunga milango Nasur alipomdaka ukosi. Begi likapasuka. Kurasa za Rydstedt zikamwagika pamoja na jalada la kijani, zimekatwa kwa wembe, zina alama za mate.

"Tunaweza kuelewana," Hallgren alihema, akinyoosha mkono.

"Usiniguse, uchafu wewe."

Alimrudisha maktabani akimkokota, akapiga simu.

"Kijani kipo."

"Na ndege?" Maya aliuliza.

"Itaondoka bila yeye."

Askari alimfungua Léontine pingu, akamvika Hallgren zilezile.

"Samahani, mama," alinong'ona.

"Sema kwa sauti," Nasur alimwambia. "Ulipomkamata hukunong'ona."

Askari akawageukia wasomaji, akarudia. Ukumbi mzima ukasikia.

Nasur alikuwa ameshafika mlangoni, akifunga vifungo vya koti.