Sauti Iliyomtangulia Milka

Rafiki zangu hawasemi uongo. Kazi hiyo wameniachia mimi. Kwa hivyo haya yaliyompata Maroa, fundi wa kurekodi nyimbo mjini Migori, yaamini.

Jioni moja mwaka wa 1999, mkewe Milka alikuwa apelekwe hospitali ya Homa Bay kesho yake, kupasuliwa koo. Alitaka kumwachia binti yao Robi wimbo mmoja. Lakini kifaa kipya cha USB, cha kuingiza sauti kwenye kompyuta, kilikwaruza kama mahindi yakikaangwa, na sauti ilifika kwenye hedifoni imechelewa.

"Baba Robi, nitaimba ama nitazeekea hapa?" Milka akamtania.

 Maroa akatoa draiva, ile programu inayoelewanisha kompyuta na kifaa, akaweka nyingine.

Milka akaimba. Mikwaruzo ikakoma, kuchelewa kukaisha. Kisha kwenye hedifoni Maroa akasikia neno kabla midomo ya mkewe haijalitamka. Ubeti wa pili, sauti ikazidi kutangulia.

Kwenye hedifoni, katikati ya ubeti wa tatu, ikaja pumzi moja ndefu, halafu kimya. Maroa akashika waya, ulikuwa imara. Taa ya kifaa iliwaka. Akazikandamiza hedifoni masikioni, akasikiliza, akasikiliza.

Mbele yake, Milka alikuwa bado anaimba ubeti wa pili, akimtabasamia.