Mwanasha Atafuta Sola

Ijumaa baada ya swala, Luthuli Avenue, mtaa wa maduka ya vifaa vya umeme jijini, ilikuwa imejaa pomoni. Mvua zilikuwa zimekataa kunyesha mwaka huo wa 2009, mabwawa ya umeme yakakauka, stima ikawa ya mgao, na kila mwenye nyumba akawa anaulizia sola. Mwanasha, karani wa benki mwenye buibui lililotariziwa uzi wa fedha mikononi, alisimama kwenye kaunta ya duka moja akilinganisha kotesheni mbili, karatasi za makadirio ya bei.

"Wenzako wanataka laki mbili na nusu, wewe laki moja na nusu. Kwa nini?"

"Madam, bei ndio hiyo," alisema Gichuru, mwenye duka. "Ongea na roho yako."

Kijana mrefu aliyesimama kando, shati lake la samawati likinukia udi, akainama kidogo. "Muulize kama betri imo."

Betri haikuwemo. Ukiiongeza, bei ilipita ile ya wenzake.

"Umejuaje?" Mwanasha akamgeukia.

"Mimi karatasi huisoma mpaka chini. Naitwa Hemed."

Walitoka pamoja. Njiani Mwanasha akamweleza: mamake, Bi Mahira, ana ugonjwa wa sukari, na kila stima ikikatwa mchana nyumbani kwao Parklands, friji hupata joto, na juzi wametupa dawa yake yote ya sindano. Hemed aliomba namba ya simu. Akapewa.

"Leo una swali gani, habibty?" Hemed alimpigia kesho yake.

"Friji yaendeshwa na paneli ngapi?"

"Watu huuliza umekula nini, wewe wauliza paneli!"

"Haya, umekula nini?"

"Biriani. Na paneli zategemea friji yenyewe. Yenu ikoje?"

"Kubwa kama kabati la bibi harusi, na kongwe kuliko mimi."

Wakacheka mpaka salio likaisha. Wakawa wanakutana Diamond Plaza kwa bhajia na maji ya miwa, naye Mwanasha akajikuta anatunga maswali ili tu amsikie akijibu.

Siku moja aliona gazetini tangazo la kampuni ya sola ya Upper Hill. Akapiga.

"Idara ya mauzo, Hemed hapa, nikusaidie?"

Mwanasha aliitambua sauti. "Kumbe wewe ni muuzaji!"

"Mwanasha? Ngoja nikwambie..."

Alikata. Simu ikalia siku nzima, asiipokee. Bhajia zile, habibty zile, kumbe zote chambo! Alilia akajifuta. Lakini swali moja likamkera kama mchanga ndani ya kiatu: kama alikuwa akiwinda mteja, mbona hakuwahi kumtajia bei yake?

Kesho yake, saa ya chakula cha mchana, alipanda Upper Hill. Hemed aliteremka mapokezi mbiombio, tai imepinda.

"Kwa nini hukuniuzia?"

"Ningekuuzia, ungekuwa mteja wangu, na kila nitakalosema ungelitilia shaka. Nilikosea, Mwanasha. Nilipaswa kusema siku ile ile. Nilichelea utaniacha pale dukani."

"Na pale dukani ulifuata nini?"

"Bosi alinituma nichungulie bei za wenzetu."

Mwanasha aliuma mdomo asicheke. "Basi niuzie sasa."

"Siuzi. Mtambo wetu mdogo kabisa ni mkubwa kwenu. Nunua friji ndogo ya dawa tu, paneli zitapungua nusu. Gichuru anazo. Ila betri, nunua iliyo nzuri."

Mtu huyu alikuwa akimfukuza mteja mlangoni pake mwenyewe.

"Njoo Jumapili," Mwanasha akasema, "uwaangalie mafundi wakifunga."

Jumapili Hemed alipanda paa na mafundi, akashuka kanzu imeingia vumbi. Alasiri stima ikakatika. Mtaa mzima ukanyamaza, isipokuwa kafriji kale kadogo kalikoendelea kunguruma jikoni. Bi Mahira akaishika chupa ya dawa.

"Baridi!" Akainua mikono kuomba dua, kisha akaenda kupika chai, akiwaacha kwa makusudi.

"Mwanasha," Hemed alisema taratibu, "nataka wazee wangu waje wamwone mama."

"Wako wapi wazee wako?"

"Lamu."

"Watakuja lini?"

"Nawe bado hujanijibu!"

Mwanasha aliinamisha uso, tabasamu likimshinda kulificha.

"Hemed, mimi nimeuliza watakuja lini."