Maua ya Chumbani kwa Mgonjwa

Haya, wajukuu zangu, yalimfika shoga yangu, fundi cherehani, aliyekuwa akimuuguza mdogo wake asiyeweza hata kujigeuza. Kando ya kitanda palikuwa na ule mmea wa majani marefu yenye mabaka kama nyoka, nao ulikuwa umechanua.

“Mmea huu mkaidi kama wewe,” shoga yangu alimtania mdogo wake. “Mizizi imebanwa koponi, maji haba, ndiyo kwanza unachanua!”

Jioni maua yakaanza kunukia. Shoga yangu akatoka kuufuatia maji kidogo, umeme ukakatika. Akarudi akipapasa, mlango ukagoma kufunguka.

Ndani, mdogo wake akacheka. “Dada, usiyanuse hivyo, utayamaliza!”

“Mimi niko nje, mdogo wangu.”

Kicheko kikakatika. Kisha shoga yangu naye, sikio mlangoni, akasikia pumzi ikivutwa puani, ndefu, taratibu, ikihama kutoka kwenye maua kuelekea kitandani.