Kilima Kwenye Mchoro wa Ornella

Kantini ya maabara, nje kidogo ya Geneva, ilikuwa imefurika mchana ule. Ornella Bazzani, Muitaliano wa Trieste aliyevaa sweta ya rangi ya haradali, alisukumwa kwenye foleni, na supu yake ikamwagikia shati la Thibaut Rochat.

"Samahani, kaka! Umeungua?"

"Nimeiva tu," Thibaut alicheka. "Uko kikundi gani?"

Alipomtajia, Thibaut akaguna. "Kumbe sisi ni wapinzani."

Vikundi vyao viwili vilitafuta chembe mpya kwa mashine ile ile ya kugonganisha protoni, ila vilikatazwa kuambiana matokeo, kimoja kisije kikaona kitu kwa kuwa tu kingine kimekiona. Mapenzi hayakukatazwa. Theluji ilipoanguka, walikuwa wakiishi pamoja.

"Mama anauliza tunatafutaje kitu kinachokufa kabla hakijaonekana," Thibaut alisema usiku mmoja.

"Mwambie tunafuata watoto wa chembe hiyo, vipande inavyoacha ikifa. Tukipima nguvu zao na walikoelekea, tunajua mama yao alikuwa na uzito gani, chaji gani ya umeme, na ni wa ukoo upi."

"Atauliza wa kwetu wako wapi."

"Mjinga wewe!"

Masika, kwenye mchoro wa Ornella wa matokeo kikachomoza kilima kidogo, huenda ishara ya chembe mpya, mahali pasipo na chembe inayojulikana. Akaanza kufunga kompyuta Thibaut akiingia, na kupokea simu za Ruggero roshani.

"Ruggero ni nani?"

"Mwenzangu kazini."

"Mbona mnanong'ona?"

"Siwezi kukwambia, laazizi. Niamini."

Thibaut hakuamini. Alifungasha nguo akahamia kwa dada yake, Fribourg.

Julai vikundi vyote viwili vilikutana ukumbini kutangaza matokeo. Ornella alipanda jukwaani na gauni jeusi, amekonda.

"Kadiri migongano ilivyoongezeka, kilima kilididimia," alisema taratibu. "Ilikuwa bahati ya namba. Hakuna chembe."

Kando yake Ruggero, mzee wa mvi tupu, alipangusa miwani. Thibaut akaona aibu hadi masikioni.

Ukumbi ulipotawanyika, alimpigia simu.

"Ornella, nilikuwa mpumbavu."

"Sana."

"Sisi tulipachunguza pale pale. Tangu masika nilijua hapana kitu."

"Na ukanyamaza?"

"Nilikatazwa."

Ornella akacheka, kicheko kikageuka kilio. "Leo sina kitu mkononi, Thibaut."

"Mimi nakutaka wewe. Tuoane."

"Uko wapi?"

"Kituo cha tramu."

"Usipande. Nakuja."

Jibu alimpa ndani ya tramu, amemwegemea bega, macho bado mekundu:

"Nimekubali. Sasa ninyamazie, nilale kidogo."