Alama za Chaki Begani

Kidoti alikuwa akisugua chaki nyeupe upande wa ndani wa mikanda ya begi lake la mgongoni. Alilishona mwenyewe: rangi tatu, mifuko sita. La mdogo wake lilikaa pembeni, limevimba kama gunia lililonuna. Hata hivyo, tangu asubuhi mama yao, fundi wa mabegi ya mlimani, alikuwa akilipapasa hilo gunia na kusema, "Huyu mtoto ana akili!" Kila sifa ilimchoma Kidoti kama sindano.

"Wapagazi wote tutawashonea mabegi ya mtindo mmoja kati ya hii miwili," alisema mama. "Chaki ndiyo itaamua. Wao ukiwauliza, kila kitu kizuri."

Mpagazi mmoja, aliyevaa shati jeusi, alibebeshwa begi la Kidoti lililojaa mchanga. Akapanda na kushuka ngazi mara kumi. Palipombana sana, chaki ingeganda kwenye shati.

Alipolitua, mama alikuwa mlangoni na mteja. Kidoti aliona mistari miwili mizito mabegani. Akaipangusa haraka kwa kiganja; mama aliporudi, shati lilikuwa safi.

Likafuata la mdogo wake. Chaki ilitapakaa kiunoni, mabegani ikagusa kidogo.

"Kumbe la Kidoti halibani kabisa!" mama alishangaa. "Basi, tutashona hilo."

"Hongera, dada," mdogo wake alisema, akilisukuma lake kando. "Langu lilifanana na kiboko, hata hivyo."

Mpagazi alipoinua mkono kupokea maji, alikunja uso. Kola ikasogea. Ngozi ya bega ilikuwa imechubuka.

"Unaumia, mjomba?" Kidoti aliuliza.

"Kawaida tu, mwanangu. Nimezoea."

Kidoti alikitazama kiganja chake chenye chaki. "Mama, alama nilizifuta mimi. Nilimwonea wivu mdogo wangu."

Mama aliweka mkasi chini. "Wivu hata mimi hunishika, nikiona kazi safi ya fundi mwenzangu. Namfuata, namuuliza amefanyaje. Wewe ungempandisha mjomba mlimani siku sita na uongo wako begani. Tutashona la mdogo wako."

Wivu ulikuwa bado haujamtoka. Hata hivyo, Kidoti alimgeukia mdogo wake. "Uzito uliupelekaje kiunoni?"

"Nilimtazama mjomba akibeba. Kila akichoka, anajishika hapo."

Wakaketi pamoja kulifumua begi la Kidoti, ili nalo lishonwe upya. Giza lilipoanza kuingia, mkanda mmoja ulikuwa umetoka, wa pili ukining'inia kwa nyuzi chache.

"Uacheni hapo hapo," alisema mama. "Kesho mjomba atatuonyesha pa kuushonea."