Skuta Iliyomkatalia Fundi wa Piano

Watu wa Rotterdam walipoteremka asubuhi kwenda kazini, skuta zao zilikuwa zimeshaamka. Zilijipanga kando ya mfereji, taa zikipepesa, na kila aliyefika alifanya kama mwenzake: alivaa kofia ngumu, akabana kishikizo chini ya kidevu, akakaa, akasubiri. Kabla hajashusha pumzi, kifaa kilichofichwa chini ya usukani kilikuwa kimemaliza kazi ambayo zamani ilihitaji askari wa barabarani, karani wa bima na daktari.

Kilisoma leseni kwenye kidole gumba. Kilihakikisha kwamba bima iko hai na kwamba kibao cha namba ni cha rangi inayotakiwa: bluu kwa skuta za mwendo wa baiskeli, njano kwa zile za kasi zinazoruhusiwa barabara za magari. Kiliangalia kama kofia imefungwa sawasawa, kama simu haiko mkononi, kama abiria wa nyuma ana kiti chake na kofia yake. Halafu kilimpima mwendeshaji mwenyewe: pombe katika pumzi, uchovu na uwezo wa kuona katika macho, mapigo ya moyo kupitia viganja vilivyoshika usukani. Masharti yote yakitimia, mota iliwaka. Likikosekana hata moja, skuta haikutikisika.

Jina lake rasmi lilikuwa kiamuzi. Watanzania waliokuwa wakiishi mjini humo walikiita refa, kwa sababu kikishaamua, hakuna wa kubishana nacho. Hata hivyo walikipenda. Tangu sheria ya viamuzi ianze, ajali za skuta zilipungua mno hata hospitali moja ikafunga wodi ya mifupa na kuigeuza chumba cha watoto kuchezea.

Editha Ngonyani alikuwa miongoni mwa waliokitengeneza. Vipimo walivibuni wahandisi wengine wa Mamlaka ya Vyombo Vidogo; yeye alikipa kiamuzi maneno. Kila kilichosikika ndani ya kofia, kuanzia "Funga kofia yako" hadi "Bima ya chombo hiki imekwisha," alikitunga yeye, na aliona fahari kwamba sentensi zake zilikuwa fupi na hazikumdhalilisha mtu.

Baba yake, Faustini Ngonyani, alikuwa fundi wa piano. Alitoka Songea akiwa kijana kwenda kujifunza ufundi huo, akaoa Rotterdam, akafiwa na mkewe huko huko, na uzee ukamkuta bado yuko barabarani na skuta yake ya kibao cha njano, sanduku la zana limefungwa nyuma. Nyumba nyingi zilikuwa na piano zinazojirekebisha zenyewe, lakini makanisa, shule za zamani na nyumba za kulelea wazee zilimwita yeye. Aliwaambia wateja wake kwamba piano inataka mtu wa kuzungumza naye.

Asubuhi moja alivaa kofia, akakaa, akashika usukani. Mota haikuwaka.

"Huruhusiwi kuendesha," kiamuzi kilisema sikioni mwake, kwa Kiswahili alichokuwa amekichagua.

Faustini alishuka, akapanda tena. Alifungua kishikizo cha kofia na kukibana upya.

"Kuna nini? Leseni ninayo. Bima nimelipa."

"Masharti ya chombo yametimia. Sharti la mwendeshaji halijatimia."

"Sharti gani?"

"Siruhusiwi kutaja."

Siku hiyo alikwenda kazini kwa tramu, sanduku la zana mapajani. Jioni alimpigia binti yake.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mama. Hebu niambie, hilo refa lenu lina wazimu? Limenikatalia asubuhi, na wala halisemi kwa nini."

Editha alicheka. "Ulilala vizuri? Nakujua wewe, ukishaanza kusikiliza muziki hulali. Kikiona umechoka kinakataa. Pumzika, kesho kitakuruhusu."

"Lakini si kiseme basi kwamba nimechoka!"

"Hakiwezi, baba. Ni sheria."

Ndivyo ilivyokuwa. Muswada wa viamuzi ulipojadiliwa bungeni, wananchi waliogopa. Leo mashine inakwambia una ugonjwa fulani, walisema, kesho mwajiri wako atakuwa amesikia, na keshokutwa kampuni ya bima. Wabunge wakapatana: kiamuzi kiruhusiwe kukataa, lakini kisitaje hata kidogo hali ya mwili wa mtu. Mwenye kutaka kujua sababu angeomba kwa maandishi na kusubiri miezi kadhaa. Editha aliona hayo ni mapatano ya haki, na aliandika sentensi zake kuyafuata.

Kiamuzi kiliendelea kumkatalia mzee. Faustini aliacha kulalamika, na binti yake, aliyekuwa na kazi nyingi wiki hiyo, alidhani mambo yametengemaa. Kumbe baba alikuwa ametafuta njia nyingine. Jirani yake Wiebe, mstaafu wa bandarini, alikuwa na pikipiki ndogo ya zamani sana, ya petroli, ambayo babu yake alikuwa akiiendesha. Sheria ilivisamehe vyombo vya kumbukumbu: havikulazimika kufungwa kiamuzi, mradi mwendeshaji awe na leseni, bima na kofia.

Editha alikuwa ofisini mchana simu ilipoita. Nyuma ya sauti ya baba yake palikuwa na mngurumo ambao hajawahi kuusikia isipokuwa kwenye filamu.

"Unasikia? Hiyo ni injini hasa! Nakwenda ng'ambo ya mto, kwenye nyumba ya wazee. Leo jioni wana tafrija ya kuimba na piano yao imelegea nyuzi."

"Baba, hicho chombo ni halali?"

"Halali kabisa, Wiebe kanionyesha kifungu. Mimi sivunji sheria, mama. Nimechoka kukibembeleza kile kirefa chenu. Hata 'jaribu tena kesho' hakisemi, kinanikatalia tu na kunyamaza. Haya, naondoka. Usinipigie, nikiwa njiani simu sishiki."

Akakata.

Editha alirudisha macho kwenye kioo cha kompyuta, akasoma mstari mmoja, kisha maneno ya baba yake yakamrudia. Hata jaribu tena kesho hakisemi.

Aliikumbuka siku alipoiandika sentensi ile. Pombe hutoka mwilini, uchovu huisha kwa usingizi, kwa hiyo walevi na waliochoka kiamuzi kiliwaambia, "Huruhusiwi kuendesha. Jaribu tena kesho." Lakini palikuwa na sababu mbili ambazo haziishi kwa kulala: macho na moyo. Kwa hizo alifuta maneno ya mwisho, kwa kuwa aliona kumwambia mtu ajaribu kesho ni kumdanganya. Hakufikiria zaidi ya hapo. Na baba yake alikuwa amepimwa macho hivi karibuni, akapewa miwani mipya.

Ukabaki moyo.

Alipiga simu, haikupokelewa. Alipiga namba ya dharura, na mpokeaji akamuuliza kwa upole mgonjwa yuko wapi na ana dalili gani. Editha alisema hajui, ila baba yake yuko njiani kwenye pikipiki. Alimtajia njia ya kwenda darajani, kisha akateremka ngazi mbio hadi kwenye skuta yake ya kibao cha bluu.

Alizungusha mshiko wa kuongeza mwendo mpaka mwisho. Skuta ikaenda mwendo wa baiskeli.

"Umefika kikomo cha mwendo," sauti ilimwambia, kwa maneno yake mwenyewe.

"Nenda!" alipiga kelele. "Nenda, nakuomba!"

"Umefika kikomo cha mwendo."

Mwanamke mmoja mwenye baiskeli, mtoto kiti cha mbele, alimpita akimshangaa. Kila mara Editha alipoona watu wamekusanyika mbele aliona picha ile ile: pikipiki imelala ubavu, gurudumu bado linazunguka. Alipokaribia walikuwa wanasubiri tramu tu, au wananunua samaki.

Karibu na mto foleni ilikuwa imesimama. Daraja lilikuwa limeinuliwa kupisha meli iliyobeba mapanga ya mtambo wa upepo, marefu kama mtaa, na hapakuwa na aliyeweza kuvuka. Editha alishuka, akaisukuma skuta pembeni ya magari akitazama kila kofia. Pale mbele kabisa, kwenye ukingo wa barabara, baba yake alikuwa amekaa kando ya pikipiki ya Wiebe, kofia amevua, akijifuta jasho kwa leso.

Editha aliiegemeza skuta, akamkimbilia.

"Baba!"

"Eh! Wewe umefuata nini huku?" Faustini alitabasamu, lakini midomo yake ilikuwa imepauka. "Nimeona nikae kidogo. Kichwa kilikuwa chepesi. Ni huu moshi wa petroli."

"Si moshi." Editha alichuchumaa mbele yake na kuchomoa ufunguo wa pikipiki. "Tunakwenda hospitali sasa hivi."

"Mama, watu wananisubiri. Ile piano..."

"Baba, nisikilize. Maneno ya kile kiamuzi nimeyaandika mimi. Kikikwambia huruhusiwi na kisikwambie urudi kesho, maana yake ninaijua."

"Maana yake nini? Mimi mzima. Jana nimepanda ngazi mpaka kwenye mnara wa kanisa, na nilipofika juu..."

Hakumaliza. Macho yake yalibaki wazi lakini hayakumtazama mtu, na uzito wake wote ukamwegemea binti yake begani. Editha alimkumbatia akiita jina la mama yake bila kujua. Kisha mzee alivuta pumzi ndefu, akaketi wima, akatazama huku na huku.

"Nilikuwa nasema nini?"

Editha alikuwa analia. Faustini aliutazama uso wake ulivyolowa, akatazama pikipiki, kisha akaichukua kofia iliyokuwa miguuni pake na kumkabidhi.

"Haya," alisema kwa sauti ndogo. "Nipeleke."

Gari la wagonjwa lilikuwa limeshaingia kwenye foleni nyuma yao.

Daktari Sanne Hofstra aliwaeleza kwa kuchora kwenye karatasi ya kufunikia kitanda. Moyo, alisema, una njia zake za umeme, na wa mzee ulikuwa na njia iliyochakaa. Amri ya kupiga ilikuwa inakwama katikati, na moyo unasimama kidogo kabla ya kukumbuka kazi yake. Dawa yake ni kichocheo kidogo kama punje ya haragwe, kinachopitishwa kwenye mshipa wa paja hadi ndani ya moyo na kubaki humo kikihesabu mapigo.

"Yaani mnanitia metronomu, kama ile ya kumhesabia mpiga piano mapigo," Faustini alisema.

"Metronomu nzuri," daktari alisema, akacheka. "Lakini kama lile lililotokea ukingoni lingetokea ukiwa katikati ya daraja..."

Walipomaliza kumwekea kichocheo na rangi ikarudi midomoni mwa mzee, Editha alitoka kwenye korido, akaegemea ukuta na kulia kwa raha, kama mtu aliyetua mzigo ambao hakujua kwamba ameubeba. Daktari Hofstra alimkuta hapo.

"Ulijuaje?" alimuuliza.

Editha akamweleza. Uso wa daktari ulibadilika taratibu.

"Mwaka jana alinijia mwanamke mmoja, muuza maua," alisema. "Hakuwa anaumwa popote. Aliniambia, 'Skuta yangu inanikataa.' Tulimpima kwa dakika chache, moyo ukapiga vizuri, tukamwambia amwite fundi wa skuta. Alifia dukani kwake." Alitazama sakafu. "Sikuwa najua mashine imeona kitu. Nilidhani imeharibika."

Editha alirudi kukaa karibu na kitanda cha baba yake. Alimsikiliza akikoroma, na kila mkoromo ulimfariji, lakini muuza maua hakumtoka akilini. Kiamuzi kilikuwa kimemwona mwanamke yule asubuhi baada ya asubuhi, kikajua, kikanyamaza, kwa adabu ambayo Editha mwenyewe alikuwa amekipa.

Mkuu wake kazini, Bwana Terlouw, hakuwa mtu mbaya. Alimsikiliza mpaka mwisho.

"Watu walikubali mashine iwapime kwa sababu tuliwaahidi itafunga mdomo," alisema. "Tukivunja ahadi hiyo, wataanza kung'oa viamuzi."

"Tusiivunje," Editha alisema. "Isitaje ugonjwa. Isimwambie mwajiri, isihifadhi chochote. Imwambie mwenyewe tu, ndani ya kofia yake: nenda kwa daktari leo. Na madaktari tuwafundishe maana yake."

"Ni sentensi moja, lakini itabidi ipite bungeni."

"Basi ipite bungeni."

Ilipita, baada ya mabishano marefu ambayo daktari Hofstra aliyahudhuria na kumtaja muuza maua mbele ya watu wote, akisema pia kosa lake. Faustini alikuwa kwenye viti vya wageni. Alisinzia wakati wa hotuba za watu wa bima, akaamka wakati wa kura.

Majira ya kuchipua Editha alikuwa akifungua kufuli ya skuta yake kando ya mfereji, mwalimu wa shule jirani, mama wa makamo mwenye koti la kijani, alipovua kofia ghafla na kuishika mikononi akiitazama. Skuta yake haikuwa imewaka.

"Samahani," alimwambia Editha, akijaribu kucheka. "Hii skuta imeniambia niende kwa daktari leo. Siumwi popote. Inaweza kuwa imekosea?"

"Inaweza," Editha alisema. "Lakini twende kwa daktari akahakikishe."

"Sasa hivi? Nina darasa."

"Darasa watalishika wenzako. Wapigie, nitakungoja."

Mwanamke alisita, akatazama upande wa shule, kisha akatoa simu. Editha alirudisha kufuli kwenye skuta yake, na mwalimu alipomaliza kuzungumza walitembea pamoja hadi kituo cha tramu inayokwenda hospitali, polepole, wakizungumza habari za watoto wa darasa lake.